Madai ya mshahara wa mtumishi wa umma yanavyokufia mlangoni mwa mahakama

Shauri la mtumishi wa umma anayedai stahiki zake mara nyingi halifi kwa sababu deni halipo. Linafia kwenye pingamizi la awali. Wakili wa Serikali anasimama na hoja fupi: mleta maombi hakumaliza ngazi za ndani, au amechelewa, au hakuna uamuzi aliouambatisha. Dakika ishirini, maombi yameondolewa. Hati za mshahara alizokusanya mtumishi kwa miaka mitatu hakuna aliyezifungua.

Sababu ni kwamba watu wanaingia Mahakama Kuu wakidhani wanaenda kudai deni, kumbe kwenye mapitio ya kimahakama jaji hapitii deni. Anapitia uamuzi: nani aliufanya, alikuwa na mamlaka gani, alifuata utaratibu upi, alimsikiliza mhusika au hakumsikiliza. Usipompelekea uamuzi hana cha kupitia, hata kama Hazina ina milioni zako kumi na mbili.

Haya yote ni ya Tanzania Bara. Zanzibar ina sheria yake ya utumishi. Namba za vifungu ninazotaja ni za Toleo la 2019 la sheria. Toleo la 2023 lilianza kutumika 1 Julai 2025 na lina vifungu vilivyobadilishwa namba, kwa hiyo kabla ya kuandika namba kwenye hati yako fungua toleo jipya uhakikishe.

Anza na swali ambalo watu hulivuka: unadai nini hasa? Ndani ya Serikali kuna mafungu mawili yasiyochangamana. La kwanza ni madai ya mishahara, yaani malimbikizo yanayotokana na kupandishwa daraja, kubadilishiwa kada, kuchelewa kuingizwa kwenye mfumo baada ya ajira mpya, au nusu mshahara iliyozuiwa wakati wa shauri la nidhamu. Haya yanaandaliwa na mwajiri, yanahakikiwa na Ofisi ya Rais, Utumishi, na kulipwa na Hazina kupitia mfumo wa taarifa za kiutumishi na mishahara. La pili ni madai yasiyo ya mishahara: nauli za likizo, posho ya kujikimu, gharama za uhamisho, matibabu, masomo. Haya yanatoka kwenye bajeti ya matumizi mengineyo ya mwajiri wako mwenyewe, iwe halmashauri, wizara au wakala. Ukiandika barua moja yenye yote mawili, mwajiri atajibu kwamba imepelekwa Utumishi na Utumishi watasema sehemu yake ni ya mwajiri. Mwisho wa siku huna jibu la yeyote unaloweza kulipeleka kwa jaji. Andika barua mbili.

Halafu kuna stahiki na kuna matarajio. Mtumishi aliyekaa kwenye daraja moja miaka sita na wenzake wamepanda ana malalamiko ya kweli, lakini kupandishwa cheo kunategemea utendaji, muundo wa maendeleo ya utumishi, ikama (idadi ya nafasi zilizokubaliwa) na bajeti iliyoidhinishwa. Jaji hatamwamuru mwajiri akupandishe. Anachoweza kufanya, kama umeonyesha kwamba jina lako liliachwa kwa sababu isiyo halali, ni kumwamuru alishughulikie upya kwa kufuata sheria. Hali inabadilika kabisa siku unayopewa barua ya kupandishwa yenye tarehe ya kuanza na ngazi ya mshahara. Kuanzia hapo mwajiri ana wajibu, na wewe una haki yenye tarehe na kiasi. Wale ambao barua zao zilikwama mwaka 2016, Serikali iliposimamisha upandishaji vyeo kupisha uhakiki wa watumishi hewa, walijifunza tofauti hii kwa uchungu. Aliyekuwa na barua na aliyekuwa akiisubiri hawakuwa na hoja moja, hata kama walikuwa kwenye kikao kimoja cha upandishaji.

Posho ya kukaimu nayo ni mtego wa aina hiyohiyo. Barua ya mkuu wa idara inayosema "utakaimu nafasi hii hadi hapo itakapotolewa taarifa nyingine" haitoshi. Inatakiwa idhini ya Katibu Mkuu Utumishi, na kukaimu kuna ukomo wa muda. Aliyekalia kiti miaka miwili bila kibali hicho atajibiwa kwamba alikuwa akisaidia tu. Dai kibali mwezi wa kwanza, wakati bado wanakuhitaji.

Kwenye uhamisho tazama maneno ya mwisho ya barua. Ikiwa umehamishwa kwa maombi yako mwenyewe, posho ya kujikimu, ya usumbufu na gharama za mizigo hazipo, na kwa kawaida barua inasema utajigharamia. Ikiwa ni kwa manufaa ya umma, zipo. Watu wengi waliandika barua ya kuomba kuhama, miezi minane baadaye wakahamishwa kwa sababu nyingine kabisa, na ile barua ya zamani ndiyo inayotolewa kwenye faili kuwapinga. Ukibadili mawazo, iondoe kwa maandishi.

Sasa hesabu. Chukua mtumishi ambaye barua yake inasema amepanda kuanzia 1 Julai, na mshahara mpya ukaonekana Februari. Miezi inayodaiwa ni saba, Julai hadi Januari. Kama tofauti ya mshahara ghafi ni shilingi 190,000 kwa mwezi, dai ni 1,330,000. Hicho ndicho kiasi cha kuandika. Usiandike ulichotarajia kipite benki, kwa sababu malimbikizo yanakatwa kama mshahara: mchango wa mfuko wa hifadhi, ambao kwa wanachama wa PSSSF, mfuko wa hifadhi ya jamii kwa watumishi wa umma, ni asilimia 5 ya upande wako, bima ya afya asilimia 3, chama cha wafanyakazi, Bodi ya Mikopo asilimia 15 kama unadaiwa, na kodi. Kodi ndiyo inayouma, maana malimbikizo yakilipwa kwa mkupuo yanaweza kukusukuma kwenye kiwango cha asilimia 30 kwa mwezi huo. Baadhi ya watu hupokea pungufu, wanaandika barua ya kulalamika kwamba hawakulipwa kikamilifu, na wanaanzisha mgogoro ambao hati ya mshahara ya mwezi husika ingeumaliza kwa dakika tano. Jambo la kukagua hapo ni kama mwajiri naye alipeleka asilimia 15 yake kwenye mfuko kwa miezi ile saba. Hiyo itahesabika kwenye pensheni, na ndiyo inayosahauliwa.

Jedwali la madai liwe na safu za mwezi, mshahara uliostahili, uliolipwa, tofauti, na hati inayothibitisha. Mkaguzi wa ndani atapitia mstari kwa mstari, na mwezi mmoja ukikosa hati faili zima linarudishwa.

Tuje kwenye ngazi za ndani. Mwaka 2016, kwa Sheria Na. 13 ya mwaka huo, Bunge liliongeza kifungu cha 32A kwenye Sheria ya Utumishi wa Umma, Sura ya 298. Kifungu ni kifupi: kabla ya kutafuta nafuu chini ya sheria za kazi, mtumishi wa umma amalize kwanza nafuu zote zilizomo ndani ya sheria hiyo. Kabla ya hapo watumishi walikuwa wakienda Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, CMA, kama mfanyakazi wa kiwandani, na baadhi walishinda. Mwaka 2022 Mahakama ya Rufani, ikiwa Mtwara, kwenye shauri la Shirika la Posta dhidi ya Dominic Kalangi (Rufaa ya Madai Na. 12 ya 2022), ilisema wazi kwamba CMA haina mamlaka juu ya migogoro ya mtumishi wa umma. Angalia aliyekuwa mwajiri hapo: shirika. Wafanyakazi wa mashirika na wakala wengi walijiona hawamo kwenye utumishi wa umma kwa kuwa mikataba yao inafanana na ya sekta binafsi. Wamo.

Binafsi naona maneno ya 32A yaliacha mlango wa sheria za kazi wazi kwa anayemaliza ngazi za ndani, na tafsiri iliyokuja baadaye imeufunga zaidi ya yanavyosomeka. Lakini huo ni mjadala wa mawakili. Kwa mwenye deni, njia salama leo ni moja: mwajiri, Tume ya utumishi (si CMA), Rais inapohusika, halafu Mahakama Kuu.

Kwa watumishi wengi Tume ni Tume ya Utumishi wa Umma, inayopokea rufaa na malalamiko. Walimu wa shule za msingi na sekondari za Serikali wana chombo chao, Tume ya Utumishi wa Walimu, iliyoundwa kwa Sheria Na. 25 ya 2015. Mwalimu anayepeleka shauri lake la nidhamu Tume ya Utumishi wa Umma amekosea mlango, na siku zinaendelea kuhesabiwa akiwa barabarani. Rufaa dhidi ya uamuzi wa mamlaka ya nidhamu ina siku 45. Asiyeridhika na uamuzi wa Tume kwenye rufaa hiyo anakwenda kwa Rais, ambaye kwa sheria uamuzi wake ni wa mwisho. "Mwisho" hapo ni mwisho wa rufaa. Mapitio ya Mahakama Kuu yanabaki palepale, na yamekuwa yakifanyika.

Kulalamika kwa mbunge, kwa mkuu wa mkoa au kwa Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora kunaweza kukusukumia jambo, lakini hakuhesabiki kama ngazi, na hakusimamishi siku hata moja.

Nusu mshahara nayo inastahili maneno yake. Aliyesimamishwa kazi kupisha shauri la nidhamu analipwa nusu. Shauri likiisha bila kufukuzwa, nusu iliyozuiwa inarudi. Ugomvi unakuja pale Tume inapotengua adhabu kwa kasoro za utaratibu na kuelekeza shauri lianze upya. Mwajiri anasema mtumishi bado ni mtuhumiwa, mtumishi anasema ameshinda. Soma barua ya Tume neno kwa neno kabla hujafurahi. Kama inasema urejeshwe kazini na haigusi mshahara wa kipindi ulichokuwa nje, andika mara moja Tume kuomba ufafanuzi, maana mwajiri hatakulipa kwa barua iliyonyamaza, na jaji akiombwa kumlazimisha atauliza wajibu huo umeandikwa wapi.

Kitu kigumu kuliko vyote ni ukimya. Afisa Utumishi anasema "linashughulikiwa", mwaka unapita. Hakuna uamuzi wa kutengua. Hapa nafuu unayoitafuta ni amri ya kumlazimisha mwenye mamlaka atekeleze wajibu wake, na masharti yake yamesimama tangu shauri la Alfred Lakaru dhidi ya Mkurugenzi wa Mji wa Arusha, lililochapishwa kwenye ripoti za sheria za 1980. La kwanza kuangaliwa ni kama mleta maombi alidai wajibu utekelezwe na mjibu maombi akakataa. Wajibu wenyewe uwe wa lazima kisheria, usiwe jambo la hiari ya ofisa. Mleta maombi awe na maslahi ya kutosha. Na pasiwe na nafuu nyingine inayofaa.

Sharti la kudai na kukataliwa ndilo linalowaangusha wengi, kwa sababu walichonacho ni simu, ujumbe wa WhatsApp na ahadi za kikaoni. Andika barua ya madai kwa mwajiri mwenyewe: mkurugenzi wa halmashauri, katibu mkuu, mtendaji mkuu. Isiishie kwa Afisa Utumishi. Taja barua ya kupandishwa na tarehe yake, kiasi, kanuni inayomlazimisha, na mpe siku, tuseme 30, ukisema kwamba ukimya baada ya hapo utauchukulia kuwa ni kukataa. Ipeleke masjala, wagonge muhuri wa kupokea kwenye nakala yako. Muhuri huo una thamani kuliko kurasa kumi za hoja. Barua hii iandikwe mapema, maana barua za kukumbushia zinazofuatana hazifufui muda uliokwisha. Jaji atatafuta siku ambayo mwajiri alianza kukiuka wajibu, na barua yako ya tano haitamshawishi kwamba ukiukaji ulianza mwezi jana.

Mapitio yenyewe yanaongozwa na Sheria ya Marekebisho ya Sheria, Sura ya 310, pamoja na kanuni za utaratibu za 2014, Tangazo la Serikali Na. 324. Yana hatua mbili. Kwanza unaomba kibali cha mahakama cha kuleta maombi, ndani ya miezi sita tangu uamuzi au kitendo unacholalamikia. Maombi yanaambatana na maelezo, yaani jina na wasifu wa mwombaji, nafuu inayoombwa na sababu zake, pamoja na kiapo kinachothibitisha ukweli wa mambo. Ukipewa kibali una siku 14 tu za kuwasilisha maombi yenyewe. Nakala ya amri ya kibali ikichelewa kutoka masjala, usikae ukiisubiri mpaka siku ya 13. Andaa hati zako siku uliyowasilisha maombi ya kibali.

Miezi sita inahesabiwa kutoka tarehe ya uamuzi. Barua iliyosainiwa Januari na kukufikia Aprili kupitia halmashauri imekwishakula miezi mitatu. Tunza bahasha, piga picha kitabu cha kupokelea barua chenye saini yako na tarehe. Ukichelewa itabidi uombe kwanza kuongezewa muda, na hapo mahakama zetu zimeshikilia kwamba kila siku ya kuchelewa itolewe maelezo. "Nilikuwa nafuatilia ofisini" haielezi siku hata moja kama hakuna barua.

Watu wanachanganya hapa na notisi ya siku 90. Notisi hiyo ni ya kesi ya madai dhidi ya Serikali chini ya Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali, Sura ya 5, ambayo marekebisho ya 2020 yaliipanua ikazigusa pia serikali za mitaa, wakala na mashirika, na kulazimisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali aunganishwe. Maombi ya mapitio yana njia yake. Anayetoa notisi na kukaa siku 90 akisubiri ametumia nusu ya dirisha lake la miezi sita kwa hiari yake. Kumuunganisha Mwanasheria Mkuu, hata hivyo, fanya. Hakugharimu kitu, na kunaondoa pingamizi moja.

Kwenye hatua ya kibali jaji haamui nani mkweli. Mahakama ya Rufani kwenye shauri la Emma Bayo (Rufaa ya Madai Na. 79 ya 2012) ilieleza kinachotazamwa: kama kuna hoja inayostahili kusikilizwa, kama mwombaji ana maslahi, kama amekuja ndani ya muda, na kama hana nafuu nyingine. Kiapo kijibu mambo hayo manne. Kiapo kisiwe na hoja za kisheria, maombi wala maneno ya kusikia kwa watu. Kigezo cha kiapo kinachotajwa bado ni cha kesi ya Matovu ya Uganda ya 1966. Aya ya uthibitisho itenganishe unachokijua mwenyewe na ulichoambiwa na wakili wako, na mahali palipoapishwa na tarehe visikosekane. Ambatisha uamuzi unaopingwa. Kama ni wa Rais, ni ile barua ya Katibu Mkuu Kiongozi inayokujulisha. Bila hiyo hakuna kinachoombwa kitenguliwe.

Ukifika kwenye maombi yenyewe, orodha ya sababu inajulikana tangu Sanai Murumbe dhidi ya Muhere Chacha [1990] TLR 54 (ripoti za sheria za Tanzania): kuzingatia yasiyohusika, kuacha yanayohusika, kukosa au kuvuka mamlaka, uamuzi ambao mtu mwenye akili timamu asingeufikia, kukiuka haki ya kusikilizwa, na uharamu wa utaratibu au wa uamuzi wenyewe. Kwenye masuala ya mshahara, hoja inayofanya kazi vizuri kuliko zote ni kusikilizwa. Mwajiri anagundua kwamba ulilipwa zaidi kwa miaka miwili kwa kosa la kuingiza ngazi, na mwezi unaofuata anaanza kukata bila barua wala nafasi ya kujieleza. Hapo kuna kitendo, kuna tarehe kwenye hati ya mshahara, na kuna kanuni iliyovunjwa. Linganisha na mtu anayebisha kwamba ngazi yake ingepaswa kuwa ya juu zaidi kwa jinsi shahada yake ilivyotafsiriwa. Jaji atasema hayo ni ya mwajiri na Utumishi, labda uonyeshe kwamba waraka wenyewe haukufuatwa.

Ukishinda, usitegemee hundi. Amri ya kutengua inafuta uamuzi. Amri ya kulazimisha inamwelekeza ofisa atekeleze. Mali ya Serikali haikamatwi kukazia hukumu, kwa hiyo dalali wa mahakama hana la kufanya kwenye magari ya halmashauri. Kinachosukuma malipo ni amri yenye jina la cheo cha mtu anayetakiwa kutenda, kitendo chenyewe na muda wake, maana asiyetii anaweza kuitwa kujibu kosa la kudharau mahakama. Ombi lililoandikwa "mahakama itamke kwamba mwombaji ana haki ya malimbikizo yake" linaweza kukupa ushindi wa kufremu ukutani. Afadhali liandikwe hivi: "Mkurugenzi wa Halmashauri aandae na kuwasilisha Utumishi madai ya mwombaji ya Julai hadi Januari ndani ya siku 30." Na upange kwa mwaka wa fedha. Amri inayotoka Mei, bajeti ya mwaka unaoisha 30 Juni ikiwa imekauka, itasubiri mzunguko mpya kama haikuingizwa kwenye makadirio.

Asiyeridhika, awe wewe au Serikali, ana siku 30 za kutoa kusudio la kukata rufaa Mahakama ya Rufani, na siku 60 tangu kusudio hilo kuwasilisha rufaa. Na kama uamuzi ulitenguliwa kwa sababu hukusikilizwa, jiandae kusikilizwa kweli: mwajiri anaruhusiwa kukuita, kukupa hesabu zake, kupokea utetezi wako, na kufikia uamuzi uleule wa kukata, safari hii kwa utaratibu. Hesabu zako za kumpinga ziwe tayari siku hiyo.